Barua ya wazi kwa shemeji yangu: mwache kijana acheze lakrosi

Shemeji,

Salamu kwako na kwa dada yangu. Nimeona heri nikuandikie hapa hadharani, maana mezani kwako Buruburu hunikata kauli kabla chai haijapoa. Pia najua wako wazazi wengine hapa Nairobi waliomwona mtoto akiingia nyumbani na fimbo yenye kijiwavu kichwani, wakaulizana ni balaa gani tena hili.

Ulisema ni mchezo wa wazungu matajiri, hauna pesa, na kijana ataumia. Hilo la pesa nakuachia, ni kweli tupu. La uzungu siwezi kulinyamazia.

Lakrosi, mchezo huu wa kudaka na kurusha mpira kwa fimbo yenye kijiwavu, ina wenyewe, na wenyewe ni mataifa ya asili ya Amerika Kaskazini. Wanaojulikana zaidi ni Haudenosaunee, muungano wa mataifa sita ambayo ardhi yao imepasuliwa na mpaka wa Marekani na Kanada. Wamecheza karne na karne, kwao ni ibada na ni dawa, kabla mzungu yeyote hajaandika kanuni zake kwenye karatasi. Wana timu yao ya taifa, iliyoundwa 1983, na mwaka 1990 ikaingia kombe la dunia kule Perth kama taifa kamili. Sasa sikiliza kilichowapata mwaka 2010. Kombe lilikuwa Manchester. Wakafunga safari na pasipoti zao wenyewe, za Haudenosaunee, na Uingereza ikakataa kuwapokea. Hata Hillary Clinton, aliyekuwa waziri wa mambo ya nje wa Marekani, aliwatolea kibali cha mara moja, lakini Waingereza hawakulegea. Wangeweza kubeba pasipoti za Marekani au Kanada wakapanda ndege siku hiyohiyo. Hawakutaka. Wakakwama New York, mashindano yakaendelea bila ya watu waliouleta mchezo duniani. Baada ya hapo wakatwaa shaba 2014, wakaitwaa 2018, wakaitwaa tena 2023.

Wewe umewahi kunyimwa viza, Shemeji, na risiti za benki umebeba mkononi. Niambie kama hao ni watu usioweza kuwashangilia.

Kuna na Waayalandi. Michezo ya Dunia ya 2022 kule Birmingham, Alabama, ilipangwa kwa timu nane, na Haudenosaunee wakaambiwa kwanza kwamba hawastahili. Ayalandi ilikuwa na nafasi yake mkononi. Ikaiachia, ili wenye mchezo waingie. Mimi katika miaka yangu yote ya viwanjani sijapata kuona timu ya taifa ikimpisha mwenzake mlangoni namna hiyo.

Nirudi kwa mpwa wangu. Nitakuambia waziwazi jambo ambalo yeye hatalipenda: akikuambia ataenda Olimpiki ya Los Angeles 2028, tabasamu tu, mpe chakula. Lakrosi imerudishwa Olimpiki kweli, uamuzi ulipitishwa Mumbai Oktoba 2023, baada ya kukosekana kwenye medali tangu London 1908. Lakini ni timu sita za wanaume basi, kwa dunia nzima. Hata Haudenosaunee hawana hakika ya kuingia, kwa kuwa Olimpiki inataka kamati ya Olimpiki ya nchi na wao hawana. Biden mwenyewe, alipokuwa rais wa Marekani, alisema wapewe nafasi chini ya bendera yao. Ikiwa mwenye nyumba anabishiwa mlangoni, sisi wageni wa juzi tutangoja kidogo.

Kwa hiyo simtetei kijana kwa sababu ya Los Angeles. Namtetea kwa sababu timu hii ya lakrosi ya Kenya iko katika ule umri ambao timu hufanywa au huharibiwa, na nina wasiwasi itaharibiwa na watu wenye haraka ya ndege.

Angalia hesabu ya dunia. Kombe la kwanza la wanaume, Toronto 1967, lilikuwa na timu nne. Netanya 2018 zilifika 46. Ungedhani mambo yamebadilika, ila tangu siku ya kwanza bingwa ni Marekani au Kanada, hakuna wa tatu: Marekani mara 11, Kanada mara tatu. Anayeingia leo haingii kushinda kombe. Anaingia kujua yuko wapi. Majirani zetu Waganda walilijua hilo mapema. Walikuwa timu ya kwanza kutoka Afrika kucheza kombe la dunia, Denver 2014, miaka michache tu baada ya vijana wa Kampala kuonyeshwa fimbo hiyo kwa mara ya kwanza. Walirudi 2018. Nasi ni wanachama wa World Lacrosse, shirikisho la lakrosi la dunia, lakini wanaume wetu walikuwa bado hawajakanyaga kombe hilo hadi la San Diego 2023 linamalizika. Na mlango umebanwa: San Diego zilichukuliwa timu 30 tu, na sasa lazima upite mchujo wa bara lako kwanza. Maana yake ni kwamba njia ya kwenda duniani inapita Kampala. Mimi nasema afadhali. Basi la usiku la Kampala tunalijua, bei yake tunaiweza.

Nchi ambayo ningependa hawa vijana waisome ni Japani. Huko lakrosi ilianza 1986 kwa wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Keio, walioamua tu kuujaribu mchezo ambao hakuna aliyewatuma. Ikahamia chuo cha jirani, halafu kingine, mpaka ikawa ligi. Hawakuwa na wachezaji wa kuazima kutoka ng'ambo wala mababu wa Marekani. Walikuwa na mechi, mechi nyingi, kila wikendi, chuo dhidi ya chuo. Timu yao ilicheza kombe la dunia mara ya kwanza 1994, na 2022 kule Birmingham ikatwaa shaba katika lakrosi ya watu sita, nyuma ya Kanada na Marekani. Kutoka wanafunzi wasio na kocha hadi jukwaa la medali ni miaka 36. Kijana wako yuko mwaka wa pili chuoni. Unaona ninakokwenda.

Iko njia ya mkato, sikufichi. Jamaika ilipojitokeza Netanya 2018, wengi katika timu walikuwa vijana waliokulia Marekani wenye mzazi au bibi wa Kijamaika, na walicheza vizuri mno. Nasi Wakenya wa Marekani wapo tele, na najua kuna watu wanaopiga simu Minnesota na Texas wakitafuta majina. Sipingi. Waje wawili watatu, wakae na wenzao Nairobi mwezi mzima, wafundishe. Nisichotaka ni timu ya taifa inayokutana kwenye uwanja wa ndege, wachezaji wakiulizana majina.

Unajua kwa nini nina uchungu huu, kwa sababu ulikuwa unakuja kunitazama nikicheza magongo City Park enzi zile unamposa dada yangu (tulijua hukuja kwa ajili ya magongo). Kenya hii ilimaliza ya sita katika magongo ya Olimpiki ya Tokyo 1964. Kombe la kwanza la dunia, Barcelona 1971, tukawa wa nne. Wa nne duniani, Shemeji! Waulize wanafunzi wa leo kama kuna anayejua. Dunia ikahamia kwenye nyasi bandia tangu Montreal 1976, Nairobi tukapata uwanja wa City Park kwa ajili ya Michezo ya Afrika ya 1987, mwaka uliofuata wanaume wakaenda Seoul, na mpaka leo hawajarudi Olimpiki. Wachezaji walikuwepo. Kilichokosekana ni mahali pa mtoto wa Eastlands kushika gongo mara nne kwa wiki.

Kriketi hali kadhalika, ila ilianguka kwa haraka zaidi. Februari 2003 Collins Obuya aliwaangusha Sri Lanka watano pale uwanja wa Gymkhana, Nairobi, mji ukalipuka, tukafika nusu fainali ya kombe la dunia tukatolewa na India kule Durban. Mwaka 2014 tukapoteza hata hadhi ya kucheza mechi rasmi za siku moja. Miaka 11. Juu kulipendeza, chini hakukuwa na kitu: klabu chache za Nairobi, shule chache, watu walewale. Viongozi waligombania meza kuu na watoto hawakuletewa hata mpira.

Ndiyo maana nikisikia lakrosi ya Kenya nauliza maswali ya kizee. Wanacheza na nani Jumamosi? Goli wanalo? Mwamuzi ni nani? Jezi na wimbo wa taifa vitakuja vyenyewe.

Na hapa kuna habari njema. Ile lakrosi ya zamani ya watu kumi kila upande ni ghali, inataka wachezaji 23 na uwanja mkubwa. Hii ya Olimpiki ni ya watu sita, kikosi kizima ni 12, uwanja ni mita 70 kwa 36, robo nne za dakika nane nane. Ukishika mpira una sekunde 30 za kupiga goli, ukichelewa unanyang'anywa. Hakuna kusimama kuanzisha mpira katikati kila goli likiingia. Kipa anauokota wavuni na kuurusha, mbio zinaendelea. Timu nzima na kocha wake inaingia kwenye matatu moja ya watu 14. Kwa mji huu ambao raga ya wachezaji saba iliushika mpaka Shujaa, timu yetu ya taifa, wakawachapa Fiji 30 kwa 7 fainali ya Singapore 2016, huu ni mchezo unaokaribia damu yetu: mapafu, miguu, na ujanja wa kupenya.

Kuhusu kuumia, mwambie dada kwamba wanaume wanavaa helmeti yenye kizuizi cha chuma usoni, glavu nene, kinga za mabega na mikono, na kinga ya meno. Mpira ni wa raba ngumu, una uzito wa karibu gramu 145, na ukikupata pajani utaujua. Lakini kijana huyuhuyu anapanda bodaboda bila helmeti kutoka stejini mpaka getini kwenu na hujaniandikia barua.

Shida ya kweli ni vifaa. Fimbo na helmeti hazishonwi Gikomba. Zinakuja kwenye mabegi ya watu wema kutoka Marekani, zikifika zinagawanywa, na mpwa wangu ananiambia kuna mazoezi ambayo anayetoka uwanjani anavua helmeti na kumpa anayeingia, jasho na yote. Hilo wewe na mimi hatuwezi kulimaliza, tutafanya harambee kidogo tuone.

Magoli lakini tunayaweza. Sasa hivi wanapanga mawe mawili na koti kama watoto wa chekechea, na kipa hawezi kujifunza kazi yake hivyo, kwa sababu pembe ya juu haipo. Nawe una karakana Kariobangi Light Industries yenye mashine mbili za kuchomelea, na mafundi ambao Ijumaa mchana wanakunywa chai wakingoja wateja wa mageti.

Vipimo nimeviandika. Goli la lakrosi ni mraba: upana mita 1.83, kimo mita 1.83, vipimo vya ndani ya milingoti. Bomba la inchi moja na nusu. Chini, msingi uende nyuma kwa pembetatu, ncha yake ikae mita 2.13 kutoka katikati ya mstari wa goli, huko ndiko wavu unakofungiwa. Bapa chini, isiwe na ncha kali ya kumkata mtu, maana huu ni mchezo ambao watu huzunguka nyuma ya goli na kushambulia kutoka huko. Rangi ya machungwa, kanuni inataka hivyo. Ukiweza uyaunge kwa nati badala ya kuchomelea kila kitu, yakunjike, yapande juu ya matatu.

Nahitaji manne. Mawili ya chuo cha mpwa wangu, mawili ya chuo cha jirani, ili wawe na wa kucheza naye. Bomba na rangi nitanunua mimi, wavu tutausuka na wavuvi wangu wa Kisumu. Kazi ya mkono nakuomba wewe, na ikibidi unitoze, basi unitoze bei ya shemeji. Jumatano jioni nitapita karakana na tepu ya kupimia.