Barua ya Wazi kwa Waziri wa Barabara na Uchukuzi: Barabara Mpya Isiiruke Mtito Andei

Mheshimiwa Waziri,

Nakuandikia kuhusu mji ambao bila shaka umeupita mara nyingi, na huenda umeshuka kunyoosha miguu. Mtito Andei iko takriban kilomita 240 kutoka Nairobi, na karibu hizo hizo kutoka Mombasa. Hapa ndipo safari hukatika nusu. Wazee wa Kikamba watakwambia jina lenyewe ni msitu wa tumbusi.

Mji wetu ni mtoto wa njia. Reli ya zamani ilipita hapa mwishoni mwa karne ya 19, barabara ikafuata, kisha 1948 Tsavo ikatengwa kuwa hifadhi na lango lake moja likawa mlangoni petu. Hatuna bandari wala ziwa, na mvua hutusahau mwaka baada ya mwaka. Tunaye msafiri.

Mama yangu alitusomesha kwa birika la chai. Saa saba au saa nane za usiku, basi likisimama, jiko lake lilikuwa limeshashika moto. Yai la kuchemsha alilipasua kwa kisu kidogo, akalijaza kachumbari, akalipitisha dirishani juu ya kipande cha gazeti. Chenji aliishika mkono wa kushoto kabla hajaulizwa. Akisikia utingo anapiga bati mara mbili, alikimbia sambamba na basi mpaka shilingi ya mwisho imfikie mwenyewe. Alituambia basi likiondoka na deni, mji mzima ndio umeiba.

Katika banda hilo nilisikia Kiswahili ambacho shuleni sikufundishwa. Dereva wa Mombasa, wa Kampala na wa Lubumbashi walikaa benchi moja, kila mmoja na matamshi yake, wakielezana mpaka gani umefunga, daraja gani limevunjika, na nani amepata ajali. Habari za nusu ya Afrika Mashariki zilipita hapo kabla ya redio. Na si kwetu peke yetu njia hii inakirimu. Pale Makindu kuna hekalu la Masingasinga lililojengwa 1926, na hadi leo msafiri wa dini yoyote hula hapo bila kutozwa.

Tumeshaonja njia ikituhama, Mheshimiwa. Makontena yalipoamriwa kwenda Nairobi kwa reli mpya, malori yalipungua, na 2019 kulikuwa na usiku ambao mama alirudi nyumbani na chai yote. Alitunywesha sisi. Septemba 2022 Rais Ruto alitangaza shughuli za mizigo zirudishwe bandari ya Mombasa, na malori yakaanza kuonekana tena. Lakini majirani waliokwisha funga mabanda na kuhamia kwingine hawakurudi wote.

Sasa tunasikia tena habari za barabara ya kulipia kati ya Nairobi na Mombasa. Mwaka 2017 ilitajwa pamoja na Bechtel, kampuni ya ujenzi ya Marekani; siku hizi inaitwa Usahihi. Siipingi. Nimebeba majeruhi wa ajali za usiku kwa mikono yangu, na barabara yenye njia mbili kila upande ingewaokoa wengi. Hofu yangu ni uzio. Barabara ya namna hiyo mtu haingii wala hatoki ila pale mhandisi alipochora, na mhandisi asipotuchora, basi la usiku litapita likiwaka taa na hakuna wa kulisimamisha.

Naomba njia ya kutokea iwekwe Mtito Andei, na kituo cha kupumzikia wasafiri kijengwe hapa hapa: maegesho ya malori yenye taa, vyoo vyenye maji, na vibanda ambavyo mama wa birika anaweza kumudu kodi yake. Kikijengwa kwa ajili ya maduka makubwa tu, atasimama nje ya uzio na sufuria yake ya mayai.

Naomba pia ramani iletwe kabla haijapitishwa. Ibandikwe ukutani kwa chifu, maelezo yake yawe kwa Kiswahili na Kikamba, na mikutano ifanywe mchana. Usiku tunakuwa kazini.

Wako,
Mzaliwa wa Mtito Andei