Barua ya wazi kwa vijana mnaofunga sola

Wanangu,

Juzi usiku nilipita kwenye zahanati moja nikasikia jenereta inanguruma, na juu ya paa kuna paneli 6 zimejaa vumbi. Nikauliza kulikoni. Muuguzi akanijibu, "Sola ilikufa, mzee wangu. Sola ni uongo." Paneli zile hazijatimiza hata miaka 2.

Nilikasirika, ila si kwa muuguzi. Nilifungua sanduku la betri nikakuta maji yamekauka mpaka sahani za madini ya risasi zinaonekana. Betri za maji hazipendi kushushwa chini ya nusu ya chaji, lakini hizi zilikuwa zikikamuliwa kila usiku, kwa sababu aliyefunga hakuihesabu friji ya chanjo. Hakuuliza hata kama ipo! Alifunga, akapiga picha, akalipwa, akaenda zake. Mchana kivuli cha mti kinaangukia paneli moja, na paneli zimeungwa kwa mfululizo, kwa hiyo hiyo moja inazivuta wenzake wote chini. Hakuna aliyeonyeshwa namna ya kuzifuta wala kuongeza maji ya betri. Fundi gani anakabidhi mtambo bila kumfundisha mwenye nyumba?

Nimehudumia majenereta ya dizeli miaka mingi, nayajua. Katika nguvu yote iliyomo kwenye lita moja ya mafuta, inayogeuka umeme ni kama theluthi tu. Iliyobaki inapotea kwa joto, na kesho unanunua tena. Tena moshi wake unaongeza hewa ukaa, gesi inayoipasha dunia joto. Kabla ya enzi ya viwanda, hewa ilikuwa na sehemu 280 hivi za hewa ukaa katika kila milioni. Leo zimepita 420, na hazitaondoka upesi. Waingereza, waliowasha kituo cha umeme wa makaa ya mawe London mwaka 1882, walizima cha mwisho Septemba 2024. Nazo bei za paneli zilishuka kwa takriban asilimia 90 kati ya 2010 na 2020. Kwa hesabu, dizeli imeshashindwa. Kinachoirudisha ni kazi mbovu, maana mtu aliyelala gizani kwa ajili ya sola yenu hatasikiliza tena habari za tabianchi.

Wala lawama si zenu peke yenu. Wakubwa wanapenda kukata utepe; fedha ya fundi wa kurudi baada ya miezi 6 haimo kwenye bajeti ya yeyote. Tunawapeleka vijana juu ya paa na mafunzo ya siku chache, halafu tunashangaa.

Mengine nayataja tu. Kazeni viunganishi. Msisahau waya wa ardhi. Msiuze paneli feki. Betri chakavu msizitupe, risasi ni sumu kwa watoto.

Na wewe mwanangu uliyefunga pale, sikutaji jina wala sitaki kukuaibisha. Rudi. Waombe radhi, kisha kaa na muuguzi mhesabu kila taa na ile friji, saa kwa saa. Betri zile hazifufuki, lakini paneli bado nzima, nilizipima mwenyewe. Zihamishe zitoke kwenye kivuli. Ukikosa msaidizi niite, nitakuja kukushikia ngazi.

Mzee wenu