Nusu alama iliyowafikisha walimu mahakamani

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua niseme jambo moja kuhusu mitihani ya kuwachuja walimu. Tangu vijana wetu waliohitimu ualimu waanze kuitwa kwenye usaili wa kuandika kabla ya kuajiriwa, sijasikia likiulizwa swali ambalo wenzetu wa India wamelipeleka mahakamani mara nyingi: aliyeambiwa ameshindwa atajuaje kwamba aliyekosea ni yeye, si msahihishaji?

Huko India, baada ya sheria ya mwaka 2009 ya haki ya mtoto kupata elimu, baraza la taifa linalosimamia elimu ya ualimu lilitangaza mwaka 2010 kwamba atakayefundisha darasa la kwanza hadi la nane sharti kwanza afaulu mtihani maalumu wa sifa. Mtihani huo una maswali 150 ya kuchagua jibu, kila swali alama moja, na anayefaulu ni mwenye asilimia 60, yaani alama 90. Majimbo yaliruhusiwa kuwapunguzia watu wa matabaka na jamii zilizobaguliwa kwa muda mrefu, na baadhi yakashusha kiwango chao hadi asilimia 55. Sasa asilimia 55 ya 150 ni 82 na nusu, na katika mtihani usiotoa nusu alama hakuna mtu atakayeipata hata akesha mwezi mzima akisoma. Je, mwenye 82 amefaulu au ameshindwa? Hesabu hiyo, ambayo mtoto wa darasa la sita angeing'amua kabla kengele haijalia, ilifika Mahakama Kuu ya Calcutta.

Mashauri mengine yanahusu mwongozo wa majibu: swali lina majibu mawili yanayokubalika, au halina hata moja. Shauri linalotajwa sana ni la Ran Vijay Singh dhidi ya jimbo la Uttar Pradesh, ambalo kwa hakika lilihusu mtihani wa kuajiri walimu wa sekondari, si ule wa sifa, lakini kanuni zake ndizo zinazotumika kote. Nafasi zilitangazwa mwaka 2009, matokeo yakatoka mwaka 2010, na Mahakama ya Juu ikatoa uamuzi Desemba 2017. Ilisema kwamba jaji si msahihishaji, kwamba mwongozo wa majibu uchukuliwe kuwa sahihi mpaka kosa lake lionekane wazi bila kuhitaji maelezo marefu, na kwamba penye shaka, manufaa ya shaka hiyo yaende kwa mamlaka ya mitihani, si kwa mtahiniwa.

Nakubaliana na majaji kwamba mahakama haina kazi ya kusahihisha karatasi. Hilo la manufaa ya shaka, hata hivyo, linanikwaza. Nimeshika kalamu nyekundu kwa miaka mingi, na siku moja niliwakosesha wanafunzi wa mkondo mzima swali la kumi na nne kwa sababu mwongozo nilioandika mwenyewe usiku, kwa taa ya chemli, ulikuwa na herufi isiyo yake. Aliyenisahihisha ni binti wa dawati la nyuma, na aliweza kwa sababu tu nilikuwa nimeyaandika majibu yote ubaoni. Ningeyafungia kabatini, lile kosa lingekuwa halali hadi leo.

Ndiyo maana nawaomba wanaoandaa usaili wa walimu wetu wachapishe maswali pamoja na majibu yake siku chache baada ya mtihani, kabla matokeo hayajatangazwa, na waweke muda wa wiki moja hivi wa kupokea pingamizi zitakazosikilizwa na wataalamu wa somo ambao hawakutunga maswali hayo. Alama ya kufaulu itajwe kwa namba kamili, isiachwe kwenye asilimia. Gharama yake ni ndogo ukilinganisha na ya kuendesha shauri kwa miaka saba, huku mwalimu akiuza mitumba na watoto wakiwa darasani peke yao.

Mwalimu mstaafu,
Korogwe, Tanga