Kibali kilipokataliwa: barua kwa mwanangu Salma

Mwanangu Salma,

Salamu nyingi. Huku hatujambo, bibi yako anakuulizia kila siku.

Tangu uliponipigia simu ukaniambia kibali cha kupiga picha za filamu yako kimekataliwa, na nauli za waigizaji umeshalipa, usingizi wangu ni wa mang'amung'amu. Nimemkumbuka Tomoyuki Tanaka, mtayarishaji wa studio ya Toho kule Tokyo.

Mwaka 1954 alikuwa na filamu kubwa ya ubia na Waindonesia. Kila kitu tayari, mara Indonesia ikawanyima viza waigizaji wake, kwani maneno ya vita baina ya nchi hizo yalikuwa hayajesha. Alikwenda Jakarta kubembeleza, akarudi mikono mitupu. Na studio za zama zile zilikuwa na majumba yao ya sinema: tarehe ikishapangwa, lazima pawe na filamu.

Ndani ya ndege akawa anaitazama bahari. Machi ya mwaka huohuo, majivu ya bomu la haidrojeni la Wamarekani yaliwaangukia wavuvi 23 wa Kijapani karibu na Bikini, visiwa vya bahari ya Pasifiki. Watu waliogopa hata kula samaki. Tanaka akajiuliza: je, bomu lile likiamsha dubwana lililolala chini ya bahari?

Ndivyo alivyozaliwa Godzilla. Lakini wazo lilikuwa mwanzo tu, mwanangu. Akamchukua Ishiro Honda aongoze, mwanajeshi wa zamani aliyepita Hiroshima baada ya bomu na kuyaona kwa macho yake. Muziki akampa Akira Ifukube. Eiji Tsuburaya, fundi wa mazingaombwe ya kamera, alitamani mwanasesere wa kusogezwa kidogokidogo, picha baada ya picha. Muda haukuruhusu, basi mtu akavalishwa vazi zito la dubwana, akatembea akikanyaga mji wa vinyago. Tarehe 3 Novemba filamu ikawa kwenye majumba ya sinema. Mwaka uleule! Kila nikihesabu miezi nastaajabu.

Baadaye alitayarisha nyingine nyingi, hata za mwongozaji mashuhuri Akira Kurosawa, ila mimi hurudi kwenye safari ile ya Jakarta.

Salma, ile hadithi yako ya ndugu wawili, uliyonisomea Idi, si yote inatokea ndani ya jahazi? Nimemuuliza mjomba wako wa Pangani. Lake liko nchi kavu, analipaka shahamu. Wiki mbili zijazo litakuwa majini, na amekubali.

Njoo Jumamosi.

Mama yako