Barua ya wazi kwa wapasua mbao wa bonde la Ruvuma

Wajukuu zangu mliomo makambini, kati ya Tunduru na mto,

Asalaam aleikum. Ninalotaka kuwaambia ni habari ya deni. Tajiri anapowapeleka porini huwapa unga, maharage, sigara na fedha kidogo ya kuachia nyumbani, kisha vyote huandikwa katika daftari lake kwa bei aipangayo mwenyewe; mbao zikishahesabiwa, mpasuaji aliyeshinda shimoni chini ya gogo akimeza vumbi la mninga, nanyi mnajua linavyowasha kifua, huambiwa kwamba bado anadaiwa. Deni hilo ndilo linalowavusha mto Ruvuma mkakate miti Msumbiji.

Simzuii mtu kwenda kuwaona ndugu zake, maana sisi Wayao tuko ng'ambo zote mbili, na mpaka waliuweka Wajerumani na Wareno bila kutuuliza. Nakataza kuvuka usiku kwa mtumbwi na misumeno, mkaingie hifadhi ya Niassa yenye zaidi ya kilomita za mraba 40,000 na askari wake. Msumbiji ilipiga marufuku kuuza magogo ghafi nje tangu 2017, na mwaka huohuo mapigano ya waasi yakazuka katika jimbo lake la Cabo Delgado, jirani na Niassa, kwa hiyo mgeni akutwaye porini bila hati hashukiwi wizi wa miti peke yake, bali na uasi. Atakayefungwa ni ninyi. Tajiri yuko mjini na jina lake halimo popote.

Basi wekeni daftari lenu. Bei ya kila ubao ikubaliwe mbele ya mwenyekiti wa kitongoji kabla mti haujaangushwa, na leseni muione kwa macho. Gogo lisilogongwa nyundo ya misitu, ile alama ya afisa misitu, msiliguse, hata mkiahidiwa malipo maradufu.

Kuna na njia nyingine. Sheria ya Misitu ya 2002 inakiruhusu kijiji kutenga msitu wake na kuvuna kwa mpango, mapato yakabaki kijijini; vijiji vya Kilwa vilipata hadi cheti cha kimataifa cha uvunaji mzuri wa misitu mwaka 2009. Mninga huchukua karibu miaka mia kufikia kupasuliwa, hivyo uvunaji huo ni wa miti michache na hautawatajirisha upesi. Hata hivyo, mkutano mkuu wa kijiji ukiitwa, rudini mhudhurie, mdai kazi ya kupasua ianze kwa wenyeji na hesabu ya malipo isomwe hadharani.

Babu yenu,
Tunduru