Steling anayefungwa kamba

Ndugu Mhariri,

Mwandishi wenu wa Jumamosi iliyopita anadai filamu za majambazi wenye heshima zinawafunza vijana uhuni, na akazitupia lawama hata zile za kale za Kijapani. Sidhani kama amezitazama.

Mimi nimetia maneno ya Kiswahili kwenye filamu miaka kumi na moja, kwenye kibanda umiza, ukumbi mdogo wa video, huku Mbagala, kipaza sauti mkononi, feni moja watu themanini. Wateja wangu walijua sheria moja tu: steling, yaani shujaa wa filamu, hauawi, wala hashindwi. Ndiyo maana Orochi, filamu ya Kijapani ya mwaka 1925, aliyonionyesha mpwa wangu kwenye simu, ilinikaa rohoni.

Steling ni Heizaburo, samurai wa chini, amechezwa na Bando Tsumasaburo. Anagombana na kijana wa tabaka la juu kwenye sherehe ya mwalimu wao, adhabu inamwangukia yeye peke yake. Basi tena. Kila jema analofanya linageuka kosa, mpaka mji mzima unamwita mhuni. Mwishowe anamwokoa mwanamke aliyempenda zamani, sasa mke wa mtu, pamoja na mumewe, kutoka kwa bosi wa wacheza kamari ambaye watu wanamsifu kwa utu wake. Ndipo askari wanamzingira, anapigana mpaka pumzi inaisha. Anapitishwa njiani amefungwa kamba. Umati unamlaani, wanaolia ni mke na mume aliowaokoa.

Jina la kwanza la filamu lilikuwa na maana ya mhuni. Wakaguzi wa serikali wakalikataa, ikaitwa Orochi, yaani joka.

Na Chuji, mcheza kamari aliyeishi kweli karne ya 19, katika filamu ya Ito Daisuke ya 1927 anaishia kupooza, hawezi kuinua upanga. Anayempigania ni mwanamke wake, Oshina. Kijana gani atatamani hayo?

Zilikuwa bubu, ila pembeni ya pazia alikuwepo benshi, msimulizi, akiwasemea wahusika wote. Kazi yangu hasa! Nikajaribu kumsemea Heizaburo hapo sebuleni. Nilipofika kwenye zile kamba nikakosa neno.

Mpwa wangu akauliza, “Mjomba, sasa kosa la steling ni lipi?”

Nikarudisha nyuma mpaka kwenye sherehe ya mwalimu, tukaanza upya.

Mtia maneno mstaafu,
Mbagala, Dar es Salaam