Eike, jina lililokatwa mkia

Shoga yangu mpenzi,

Salamu nyingi, na pole kwa uchovu wa miezi hii ya mwisho. Umeniuliza mambo mawili: Eike, jina mnalotaka kumpa mtoto, maana yake nini hasa, kwa kuwa shemeji anasema ni mti na mkweo anasema ni upanga, na je, ofisi ya usajili hapo Oldenburg, Ujerumani, italipokea jina ambalo halisemi kama mtoto ni wa kike au wa kiume. La pili lina jibu fupi: italipokea. Hili la maana ndilo refu, na mkweo ndiye aliyesema kweli.

Majina ya kale ya Kijerumani yalijengwa kwa vipande viwili. Kipande cha kwanza cha jina hili kilikuwa agi-, yaani makali, ule upande wa upanga unaokata. Kijerumani cha kale kilikuwa na neno ekka kwa maana hiyo, na Waingereza wa zamani walisema ecg. Ukoo wake ni mkubwa: Eckehard, Eckbert, hata Ecgberht, mfalme wa Wessex, ufalme wa kale wa Uingereza, aliyefariki mwaka 839. Ila usije ukatafuta sentensi ndani ya majina haya. Hard ni shupavu na berht ni -angavu, lakini wazazi mara nyingi walichukua kipande kwa babu na kingine kwa mjomba wakaviunganisha ili ukoo ujulikane. Wanaotafsiri Eckbert kuwa “upanga unaong’aa” wanalisomea jina kitu ambacho pengine waliolitoa hawakukifikiria.

Jinsi agi- ilivyofika kuwa ei- si ajabu. Sauti ya g ikibanwa kati ya irabu, ndimi za kaskazini huilainisha mpaka inapotea. Ndivyo Maginhard alivyokuwa Meinhard, na Raginhard akawa Reinhard. Ukibaki na ei- ukaongeza -ke, ambacho ni kiambishi cha kudogosha cha kaskazini, unapata Eike. Mwaloni wa shemeji umetokana na kufanana kwa sauti tu: kwa Kijerumani sanifu mti huo ni Eiche, na kwa Plattdeutsch, lugha ya wazee wa huko kwenu, ni Eek. Maelezo hayo yameenea sana na watu wanayapenda, kwa sababu mti ni mpole kuliko upanga. Shemeji akitaka kubaki na mwaloni wake mwache, bora asiuandike kwenye kadi za kumtangaza mtoto kama ndiyo asili ya jina.

Sasa sikiliza jinsia ilivyopotea, maana wengi hudhani wazee walikaa wakaamua kutunga jina la watu wote. Hawakuamua kitu. Katika jina la vipande viwili, jinsia ilikaa kwenye kipande cha pili. Jina lililoishia na -hild, -gund, -trud au -burg lilikuwa la mwanamke. Lililoishia na -hard, -bert, -mund au -wolf lilikuwa la mwanamume. Jina refu likifupishwa nyumbani, mkia ndio uliokatwa, na jinsia ikaondoka nao. Kilichobaki ni makali, na makali hayana mume wala mke.

Hata hapo alama moja ilikuwa bado imebaki. Katika lugha ya zamani ya Wasaksoni, watu wa kale wa kaskazini mwa Ujerumani, jina fupi la mwanamume liliishia na -o na la mwanamke na -a. Ndiyo maana mpaka leo kuna Otto na Bruno. Baadaye, Kijerumani cha kaskazini kilipoingia zama zake za kati, irabu za mwisho zisizo na mkazo zilififia zote zikawa -e. Wa kiume na wa kike wakakutana kwenye herufi moja. Kwa hiyo Eike ilipoteza jinsia mara mbili: kwanza kwa kukatwa, halafu kwa kufifia.

Wafrisia, watu wa pwani ya kaskazini, wao waliendelea kuipenda -o, na ndiyo sababu utakuta pia Eiko na Aiko. Hayo ni ya kiume. Hapo uwe macho, kwa sababu Aiko huyo huyo kwa Wajapani ni jina la mwanamke, tena ni jina la binti wa mfalme wao. Ukisikia mtu anakushauri “andika Aiko, ni lile lile”, si lile lile.

Kuna na hili la -ke. Wajerumani wa kusini wakisikia -ke mwishoni humfikiria mwanamke, kwa sababu majina ya kaskazini yaliyowafikia ni Silke, Elke, Anke, Heike. Hawajui kwamba kaskazini kuna Wilke, Gerke na Sönke, wanaume watupu. Matokeo yake, mtu wa München akiona Eike kwenye karatasi hukisia mwanamke. Na anayefuatilia habari hukisia mwanamume, kwa sababu akina Eike maarufu wengi ni wanaume: Eike Immel aliyekuwa kipa wa Dortmund na Stuttgart, Eike Schmidt aliyeongoza makumbusho ya Uffizi kule Florence, na Eike Batista, mfanyabiashara wa Brazili ambaye mama yake ni Mjerumani. Wanawake wenye jina hili wapo, ila hawajapata kutangazwa kiasi hicho. Mkipata binti, jiandaeni kwa barua zinazoanza na “Herr Eike”, yaani Bwana Eike.

Aliye mkubwa kuliko wote hao ni wa karne ya 13. Eike von Repgow alitoka kijiji kinachoitwa leo Reppichau, huko Anhalt, na hati zinamtaja kati ya mwaka 1209 na 1233. Yeye ndiye aliyekusanya sheria za mila za Wasaksoni, ambazo zilikuwa zikiishi vichwani mwa wazee wa baraza, akaziandika kitabuni: Sachsenspiegel, yaani kioo cha Wasaksoni. Aliandika kwanza kwa Kilatini, kisha Hoyer, mtemi wa Falkenstein, akamwomba akigeuze kuwa Kijerumani. Katika utangulizi wenye vina anasema kazi hiyo aliiona nzito, lakini hakuweza kumkatalia bwana huyo. Kilikamilika kati ya mwaka 1220 na 1235 hivi, na sehemu nyingine za Ujerumani ziliendelea kukitumia mpaka sheria mpya ya madai ilipoanza kazi mwaka 1900.

Ndani yake mna mambo ya kila siku kabisa. Kanuni kwamba anayefika kwanza kinuni ndiye anayesaga kwanza inatoka humo, na Wajerumani wanaisema hadi leo wakiwa kwenye foleni. Lakini kifungu ambacho ningependa mtoto wako aje akijue kimo katika kitabu cha tatu cha sheria za nchi, kifungu cha 42. Hapo Eike anauliza utumwa ulitoka wapi. Anazipitia hoja za Maandiko zilizokuwa zikitumika kuuhalalisha, laana ya mtoto wa Nuhu ikiwa mojawapo, anazikataa moja baada ya nyingine, kisha anasema kwamba kwa kweli utumwa umeanzia kwenye kulazimishwa, kutekwa na mabavu yasiyo na haki, na kwamba mtu ni wa Mungu. Laana hiyo ya Nuhu ndiyo iliyokuja kutumiwa karne nyingi baadaye kuwahalalishia watu utumwa wa Waafrika. Huyu alikuwa ameshaitupa katika karne ya 13. Kwa mtoto mwenye damu ya Tanga na ya Ostfriesland, nchi ya Wafrisia kwa baba yake, sidhani kuna wajina bora.

Na kitabu chenyewe mnacho hapo mjini. Nakala nne zenye picha ndizo zilizobaki, moja moja katika miji ya Heidelberg, Dresden, Wolfenbüttel na Oldenburg. Ya kwenu ilimalizwa mwaka 1336 kwenye monasteri ya Rastede, jirani kabisa, na ndiyo pekee kati ya hizo nne iliyoandikwa kwa Kijerumani cha kaskazini. Huhifadhiwa kwenye maktaba ya Landesbibliothek. Nakala halisi haiwekwi wazi kila siku, lakini toleo lililochapishwa kwa kuiga kurasa zake lipo, liulizieni.

Tuje kwenye usajili. Zamani afisa wa Standesamt, yaani hiyo ofisi ya usajili, angekwambia jina lisilo na jinsia lazima lisindikizwe na jingine linaloonyesha jinsia. Utaratibu huo ulikuwa kwenye mwongozo wa maafisa. Wazazi waliompa binti yao jina la Kihindi, Kiran, walikataliwa, wakapeleka shauri mpaka Mahakama ya Katiba, na tarehe 5 Desemba 2008 mahakama ikasema sheria haina sharti kama hilo. Kilichobaki ni kwamba jina lisimdhuru mtoto. Afisa akiwaomba jina la pili, anashauri tu. Mwambieni kwa adabu kwamba mnaijua hukumu ya Kiran.

Taarifa ya kuzaliwa inatakiwa ndani ya wiki moja. Ukijifungulia hospitali, hospitali yenyewe huipeleka, nanyi mnajaza karatasi ya jina. Kama bado mnabishana, jina linaweza kuletwa ndani ya mwezi mmoja tangu kuzaliwa. Kinachokwamisha watu mara nyingi ni vyeti, jina huwa halina tatizo. Wanataka vyeti vya kuzaliwa vya wazazi wote wawili na cheti cha ndoa, na cha kwako cha Tanga kiwe na tafsiri ya mtafsiri aliyeapishwa. Angalia herufi kwa herufi kama jina lako limeandikwa sawa kwenye cheti na kwenye pasipoti. Wakiona tofauti, au utambulisho wako haujathibitika, hawatoi cheti cha kawaida. Hutoa nakala ya daftari yenye maelezo ya pembeni, na ofisi nyingine zikiiona zinaanza kuuliza maswali. Yafanye haya sasa, kabla uchungu haujaanza.

Jina la pili si lazima, lakini mimi ningeliweka, na hapa ndipo ninyi wa majina ya Kiswahili mnapoteleza. Jicho la Mjerumani likiona -a mwishoni linasoma mwanamke, likiona -o linasoma mwanamume. Eike Juma mvulana ataitwa Frau, yaani Bibi. Baraka na Hamza vilevile. Kwa mvulana, Rashid au Salim vitafanya kazi unayoitaka. Kwa msichana, Zuhura au Salma. Amani halimsaidii yeyote, maana hata kwetu ni la wote. Na majina yaandikwe bila kistari katikati. Eike-Salma ni jina moja ambalo haligawanyiki, atalazimika kuliandika zima kila mahali. Eike Salma ni mawili, na tangu tarehe 1 Novemba 2018 mtu anaweza kwenda Standesamt kutangaza kwamba anabadilisha mpangilio wa majina yake, la pili likawa la kwanza. Hawezi kufuta wala kuongeza kwa njia hiyo, ila kupanga upya anaweza. Mtoto akikua akaona Eike inamchosha, mlango huo upo.

Tahajia: E-i-k-e, basi. Eicke yenye c muiepuke. Ni jina la ukoo la Theodor Eicke, mkuu wa kambi za mateso za Wanazi, na hakuna sababu ya kumbebesha mtoto hilo. Matamshi ni silabi mbili, “Ai-ke”, mkazo mwanzoni na e ya mwisho ikitamkwa kivivu. Bibi yake Tanga akiona maandishi atasoma “E-i-ke”, silabi tatu. Mwandikie Aike kwenye WhatsApp, atalipata mara moja. Kwenye simu za huko kosa litakuwa Heike, kila wakati, kwa hiyo mtoto ajifunze mapema kutaja kila herufi kwa neno linaloanza nayo, kama Wajerumani wafanyavyo: kwa orodha ya zamani ni Emil, Ida, Kaufmann, Emil, kwa ile ya miji iliyoanza mwaka 2022 ni Essen, Ingelheim, Köln, Essen. Wazee wanaijua ya kwanza tu.

Mwisho ni jambo la shemeji. Wafrisia walikuwa kama sisi, mtoto anabeba jina la baba: mwana wa Harm anaitwa Harms, mwana wa Jan anaitwa Janssen, na kizazi kinachofuata kinabadilika. Napoleon alipoishika nchi hiyo aliipiga marufuku desturi hiyo mwaka 1811, ingawa vijijini waling’ang’ania kwa miaka mingi. Tangu tarehe 1 Mei 2025 sheria ya Ujerumani inawaruhusu tena watu wa jamii ya Wafrisia kumpa mtoto ukoo unaotokana na jina la mzazi. Kwa kuwa kwao ni Ostfriesland, na aliulize hilo Standesamt kabla hamjajaza fomu, kwa sababu ukoo wa mtoto unaamuliwa pamoja na karatasi hizo hizo na kuubadilisha baadaye ni kazi.

Nisalimie shemeji na mkweo. Ukijifungua salama niandikie umeangukia upande gani, Salma au Salim.

Wako akupendaye,
Shogayo